Sime ya Guka

Juzi, kwa kinyozi mjini Nyeri, niliona picha mpya ukutani: upanga uliochomekwa kwenye jiwe. Kijana aliyekuwa akinyolewa akasema, "Huo hutolewa na mwenyewe tu." Wivu wa utotoni, kijijini kwetu Tetu, ukanirudia palepale.

Babu yetu, Guka, alikuwa na sime ambayo, kwa masimulizi ya nyumbani, babake alikata nayo ukungu wa mlimani hadi njia ikaonekana. Ilisemekana haichomoki kwenye ala ila kwa mwenye jina la Guka mwenyewe. Jina hilo, Nderitu, kwa desturi yetu alipewa kaka yangu, kifungua mimba. Guka alimwita "rika yangu", kana kwamba walizaliwa pamoja, na kumwekea kigoda karibu naye. Mimi nilipewa jina la babake mama.

Alasiri moja ya baridi ya Julai, Guka aliitoa sime chumbani kwake. Nililia ili niwe wa kwanza. Nikavuta hadi viganja vikauma, nayo haikutikisika. Guka akaiweka kando ya moto, tukanywa chai. Jikoni kote kukanuka mafuta ya kondoo.

"Sasa wewe, rika yangu," akamwambia Nderitu.

Ikatoka polepole, kwa mkono mmoja, bila sauti.

"Si unaona," Guka akaniambia. "Inajua mwenyewe."

Leo najua kwamba ilikuwa imepakwa mafuta, yakaganda kwa baridi, na moto ukayayeyusha. Hata hivyo, nikimtembelea Nderitu kwake Sagana, huketi nikiipa mgongo ile sime iliyo ukutani.