Mwaka wa Siku Elfu Tisini

Mwenzangu mmoja wa darasa la jioni la uandishi, pale Biharamulo mjini, alizaliwa wiki mbili kabla yangu, na kwa hizo wiki mbili alinidai shikamoo kila nilipokanyaga mlangoni. Nimeitoa mara milioni moja, sipunguzi hata moja. Siku nilipoitoa mbele ya mchumba wangu, aliyenisindikiza darasani, mwenzangu akajibu, "Marahaba, mtoto." Darasa zima likacheka, mchumba naye akacheka. Nikaapa kulipiza.

Wakati huo nilikuwa naandika hadithi ya dunia tisa, kila moja na kalenda yake. Nikamhamishia mwenzangu yule dunia ya tisa, ambako mwaka mmoja una siku elfu tisini. Mwezi wa kupanda maharage huanza na babu, ukaisha na mjukuu. Nikaisoma darasani kwa sauti. Kwa kalenda ile, mwenzangu alikuwa bado ananyonya.

Kuanzia hapo kila mtu akawa anamsalimu, "Mtoto hujambo? Meno yameota?"

Wiki ya tatu akanifuata. "Ndugu yangu, punguza siku za mwaka, na mimi nikue basi."

"Anza na salamu."

Akageuka kuangalia kama kuna mtu. "Shikamoo."

"Sijasikia."

"Shikamoo!"

"Marahaba, mtoto." Nikafungua daftari, nikapunguza siku moja.