Ndevu za Mibuni ya Iyula

Je, kama ni sisi wenyewe tuliozieneza? Swali hilo lilininyima usingizi mwishoni mwa masomo yangu. Wewe unayenijua utacheka, maana mimi hukosa usingizi hata kwa kujiuliza kama nilifunga mlango. Lakini safari hii nilikuwa na sababu. Baba yangu mdogo alikuwa ameniletea habari kupitia kwa mwanafunzi mwenzangu aliyetoka likizo: nikimaliza chuo nirudi kijijini kwetu Iyula, kwani lile shamba la kahawa la jirani limekwisha kusafishwa mipaka, na sasa ni langu. Habari hiyo ilinikuta nikisoma kitabu cha elimu ya mimea, na katika kitabu hicho nilikuwa nimekwama kwenye neno moja tu.

Neno lenyewe ni thalofiti. Mwalimu wetu alisema limetoka kwa Wayunani, nao waliunganisha maneno mawili, chipukizi na mmea. Wataalamu hulitumia kwa mimea ile wanayoiita ya chini kabisa, ambayo haina mzizi wa kweli, wala shina, wala jani. Ni mwili mmoja tu uliojitandaza. Mwani wa majini umo humo. Kuvu zimo. Na chini ya ukurasa palikuwa na mchoro wa kitu kinachoning'inia kwenye tawi, chenye nyuzi nyuzi za kijivu. Nilipouona mchoro ule nilisikia kwaru, kwaru, kwaru, sauti ya magunzi ya mahindi yakikwangua miti, na puani ikanijia harufu ya pombe ya ulezi. Sisi tuliziita ndevu.

Nadhani hujawahi kuona mibuni ya Iyula wakati wa ukungu. Nilipokuwa mtoto, enzi za Mwingereza, asubuhi za kule kwetu zilikuwa nyeupe mpaka kuku walisita kutoka bandani. Bibi yangu aliyenilea alikuwa ananiamsha na kunipa kiazi kilichochomwa katika majivu, nacho nilikishika kwa mikono miwili ili kinipashe moto njiani. Mvua za kwanza zikinyesha, mibuni yote ilichanua ndani ya siku chache, ikanukia hadi mtu akawa anatembea polepole bila kujua kwa nini. Shamba la jirani ndilo lililokuwa la kwanza kuchanua. Lilikuwa juu, mpakani mwa msitu, na lilikuwa la zamani kuliko yote, kwa kuwa marehemu mumewe, mtu wa ukoo wetu, alianza kupanda wakati wengine bado wanaiogopa kahawa.

Jirani huyo alikuwa Mnamwanga kutoka upande wa Msangano, si Mnyiha kama sisi. Hakujaaliwa mtoto. Mumewe alipofariki, alikataa kurithiwa na ndugu wa mume, akabaki na shamba lake. Alikuwa mwembamba, mwenye sauti nene, na alipika maharage kwa karanga kwa namna ambayo hadi leo sijaipata kwingine. Mimi na watoto wenzangu tulikuwa tunapita kwake kwa visingizio vya kila aina.

Mibuni yake ilikuwa na ndevu nyingi. Zilining'inia kutoka kwenye matawi kama za wazee wa kanisa, na sisi tulizichuma tukazibandika kidevuni na kuhubiri. Bibi yangu alizitandika kwenye viota vya kuku. Hakuna aliyezishuku, mpaka alipokuja bwana shamba.

Bwana shamba alikuwa kijana wa mbali, mwenye baiskeli na buti. Alitukusanya akasema miti michafu haizai, akaamuru kila mtu akwangue ndevu zile kwenye mibuni yake. Basi watu wakapanga kazi kama walivyozoea kupanga kila kazi kubwa, yaani kwa pombe. Mwenye shamba anapika pombe ya ulezi, majirani wanakuja na magunzi na vikapu, wanafanya kazi mpaka jua linapoelekea kuinama, halafu wanakunywa. Siku nyingine ni zamu ya shamba lingine, kwa magunzi yale yale na vikapu vile vile. Tulianza kwa jirani, kwa sababu kwake ndiko kulikokuwa na ndevu nyingi zaidi.

Nazikumbuka siku hizo kwa furaha, na hilo nalo hunitia shaka, maana furaha huficha mambo. Wanawake waliimba Kinyiha huku wakikwangua kwa kufuata wimbo. Vumbi la kijivu liliwajaa nywele, wakachekana kwamba wamezeeka kabla ya chakula cha mchana. Bibi alinifundisha kukwangua bila kuumiza gome. "Taratibu," alikuwa akisema, "huyo unamsugua mgongo, humchuni ngozi." Sisi watoto tulimwaga mabaki popote, na vikapu tulivikung'uta pale pale tulipofika.

Ni mwalimu wa kanisa peke yake ambaye hakupata msaada. Yeye hakuruhusu pombe. Aliwaita watu kwa uji na sala, wakamjibu kwamba wamekwisha kusali, na uji wanao. Shamba lake lilipakana na la jirani, lakini hakuna mkwanguaji aliyeingia humo.

Misimu kadhaa ikapita. Ndevu, ambazo zamani zilikuwa kwa jirani tu, zikaanza kuonekana kwetu. Kwanza madoa ya kijivu kama majivu yaliyotemewa mate, kisha nyuzi fupi. Tukakwangua tena, tukaanzia tena kwa jirani. Zikaongezeka. Na mavuno ya wengi yalikuwa hafifu kwa ukame, ilhali mibuni ya jirani, iliyokuwa ikivuta unyevu wa msituni, ilizaa vizuri na ndevu zake.

Hapo ndipo maneno yalipoanza. Hayakuanza kwa kelele. Baba mdogo alisema kisimani kwamba ni ajabu miti yenye ndevu nyingi izae na yenye ndevu chache ikauke. Mwingine akasema labda ndevu ni midomo. Siku chache baadaye kila mtu alikuwa anajua kwamba jirani anazituma ndevu zake usiku, zinanyonya nguvu za mibuni yetu na kumpelekea. Na mwalimu wa kanisa, aliyekaa karibu naye kuliko sisi sote, hakuwa na ndevu hata moja shambani mwake. Mnaona? Yeye analindwa na Mungu, wakasema.

Nakumbuka mara ya mwisho jirani alipopika pombe. Watu walikuja, wakafanya kazi, lakini hapakuwa na wimbo. Alipoleta mtungi, alionja kwanza yeye, kama ilivyo desturi, ili wageni wajue hakuna sumu. Akapitisha kibuyu. Mtu wa kwanza akampa wa pili, wa pili akampa wa tatu, kikazunguka duara nzima na kumrudia kikiwa kimejaa vile vile.

"Yaani leo mmeokoka wote?" aliuliza, akajaribu kucheka.

Bibi yangu, rafiki yake, alikuwa anatazama miguu yake. Kabla ya mavuno jirani alifunga mzigo wake akaenda Tunduma, mpakani, kwa kaka yake. Baba mdogo akasema atalitunza shamba kwa niaba ya ukoo.

Sasa unaelewa kwa nini mchoro ule ulinishtua. Chini yake kitabu kilisema kwamba mimea hii hainyonyi mti. Imeushikilia tu, na chakula chake hukipata katika mwanga na unyevu wa hewa. Kikasema pia kwamba huenea kwa vipande vyake: kipande kikivunjika na kuangukia gome jingine, huanza maisha huko. Nikafikiria magunzi yetu. Nikafikiria vikapu.

Lakini mimi siamini haraka. Nilijiambia: pengine unakiamini kitabu kwa sababu kimepigwa chapa. Tena neno lenyewe halinisaidii. Kutu inayoua majani ya kahawa ni kuvu, na kuvu nazo ni thalofiti. Ndani ya neno moja wamewekwa wezi na watu wema, kwa kuwa tu wote hawana mizizi. Siwezi kwenda kwa wazee na kusema, jamani, hizi ni thalofiti, mwacheni mama wa watu. Wataniuliza thalofiti za aina gani. Na je, sijitafutii sababu ya kulikataa shamba kwa kuwa naogopa kulima? Au najitafutia sababu ya kulipokea?

Nikarudi Iyula. Bibi alikuwa amekwisha kufariki, na nyumba yake ilikuwa ghala la mbolea. Baba mdogo alinichinjia jogoo, na asubuhi akanitembeza shambani.

"Mwagona, bwana mkubwa," wapita njia walinisalimu kwa Kinyiha chetu, na nilishuku kila tabasamu. Wanajua nimekuja kuchukua nini, nikawaza.

Nilianza kutazama miti mmoja mmoja. Kwetu ndevu zilikuwa zimeshika zaidi upande wa njia, pale tulipokung'uta vikapu. Katika mashamba mengine yote yaliyopikiwa pombe, hali ilikuwa hiyo hiyo. Kisha nikaingia kwa mwalimu wa kanisa. Mzee alikuwa amejikunja kwa baridi yabisi, lakini mibuni yake ilikuwa laini kama goti la mtoto. Kama ndevu zingeenda zenyewe, kwa upepo au kwa uchawi, zingepita kwake kwanza ndipo zifike kwetu. Hazikupita. Zilibebwa, zikamruka yeye, kwa sababu hakuwa na pombe.

Nikamweleza baba mdogo palepale. Alisikiliza huku akichokonoa meno kwa kijiti.

"Kwa hiyo, msomi, hizo ndevu nazo zina shahada?"

"Baba mdogo, nasema yule mama hakututendea kitu. Ni magunzi yetu."

"Magunzi." Akacheka. "Nenda kawaambie watu kwamba walijiroga wenyewe kwa magunzi, tena kwa pombe yao. Uone kama watakuazima hata jembe." Kisha akaacha kucheka. "Mwanangu, shamba hili nimekuwekea wewe. Mimi nimekwisha kuzeeka. Unataka nimpe nani, Mnamwanga?"

Ilikuwa kweli alikuwa ameniwekea. Alikuwa amepanda migomba mipya ya kivuli, amechimba mtaro, na mikono yake ilikuwa na sugu za kazi ile. Nilishuku wema wake, kisha nikaona haya kwa kuushuku, kisha nikashuku haya yangu. Nilikaa siku kadhaa namna hiyo, nikila maharage ya shamba lile lile.

Mwishowe nikapanda lori la mahindi hadi Tunduma.

Nilimkuta jirani karibu na njia ya kwenda ng'ambo, ameketi kwenye gunia, anauza dagaa na maharage, akiwajibu wateja wa upande wa pili kwa Kibemba. Nywele zilikuwa nyeupe. Nilijitambulisha. Alinitazama kama anayepima uzito.

"Nani kakutuma? Baba yako mdogo?"

"Hapana, bibi."

"Kanisa?"

"Hapana."

"Bwana Shauri wa serikali?"

"Hapana. Nimekuja mwenyewe."

"Basi ni hatari zaidi," alisema, akamrudishia mteja chenji. "Aliyetumwa, ukimfukuza anarudi kwao."

Nilimweleza yote, kuhusu vipande, vikapu, na shamba la mwalimu wa kanisa. Nilitegemea atalia, au atanikumbatia. Alikuwa anachambua maharage, anatoa yaliyotobolewa. Nilipomaliza aliuliza, "Hayo umeyasema huko, au umekuja kuyasema huku ambako hayana kazi?"

Nikaokota harage lililoanguka, nikamrudishia.

"Mimi najua sikuroga, mjukuu wangu. Sikuhitaji lori lako linijulishe. Wasiojua ni wao."

Niseme ukweli, katika miaka hii mengi ya utoto wangu yamekwenda. Siku hizi watu hupalilia kwa vibarua, na hakuna anayepika pombe ili aimbiwe wimbo. Watoto wa Iyula hawabandiki ndevu kidevuni, kwa kuwa wameambiwa zina uchawi. Mwanamke aliyepika maharage kwa karanga hapiki tena kwa ajili ya mtoto yeyote. Nilikuwa nikiyaorodhesha haya kichwani pale Tunduma, nikijihurumia, huku yeye anangoja jibu. Ndipo nikaona kwamba nikirudi kufikiri kidogo zaidi, nitafikiri mpaka azikwe mpakani.

Nikamwomba afunge mzigo. Alikataa, akauliza nitalala wapi kama ukoo utanifukuza, nikasema sijui, na nadhani kule kutojua ndiko kulikomfanya anyanyuke.

Siku iliyofuata mwene, mtawala wetu, alikuwa anasikiliza mashauri. Baba mdogo alikuwepo, na wengi wa wakwanguaji wa zamani walikuwepo, wamekaa kwenye nyasi ndani ya ua wa mwene. Niliweka mbele yao gunzi moja lenye vumbi la kijivu na tawi safi kutoka kwa mwalimu wa kanisa. Nikaeleza tulivyozibeba, shamba kwa shamba. Sikulitaja lile neno la Kiyunani. Wengine walicheka, na mzee mmoja akaacha kucheka, akalichukua gunzi, akaligeuza geuza mkononi.

"Shamba la juu nilipewa mimi," nikasema. "Silipokei. Mwenyewe yupo, ameketi nje kwenye lori."

Baba mdogo alitazama pembeni. Mwene alimtazama yeye, halafu mimi, kisha akamgeukia mtu wa mlangoni.

"Mwite aingie."