Jina Lililoitikiwa na Mwingine

Kanuni yake ilikuwa moja: hakuna jina linalowekwa alama mpaka uso wa mwenye jina uonekane. Kuitika hakukutosha, na kuitikiwa na mwenzako ndiyo kabisa.

Alikuwa karani wa kampuni ya bima, ghorofa ya tisa, na kwa miaka kumi na mmoja ndiye aliyevaa kizibao cha njano kila king'ora cha moto kilipolia. Wote walimwita Shangazi, hata waliomzidi umri, kwa jinsi alivyokuwa na jicho la ukaguzi. Jengo lenyewe lilikuwa la namna yake. Mbele uliachwa uso wa benki ya zamani, mawe na nguzo nene, kwa kuwa sheria ilikataza kubomoa chochote cha kale katika mtaa ule wa mabenki. Nyuma yake ukapandishwa mnara wa vioo usio na dirisha hata moja linalofunguka. Ndiyo maana Shangazi hakuwa na mzaha na moto.

Kila baada ya miezi mitatu kulikuwa na zoezi. Watu walishuka ngazi wakinung'unika, wakakusanyika ng'ambo ya barabara, naye akaita majina.

"Shangazi, ina maana sauti yangu huijui?" afisa madai mmoja, waliyempachika jina la Redio, alizoea kumuuliza. "Au nikuoneshe na magego?"

"Sauti haiungui. Njoo mbele."

Ghorofa nyingine walikuwa wameshazoea kuitikiana. Mmoja akichepuka kwenda kununua sigara, mwenzake anasema "yupo", na zoezi linakwisha mapema. Watu wazima, wenye vyeti ukutani, walifundishana uongo hadharani na kuuita ushirikiano. Shangazi hakuukubali, na wakamwona mkorofi.

Siku hiyo king'ora kililia asubuhi, mvua ikinyesha. Kila mtu alidhani ni zoezi. Wafanyakazi wakatawanyika chini ya vibaraza vya benki za jirani, na meneja, aliyekuwa na wageni kutoka makao makuu, akamsogelea Shangazi akiwa amejifunika faili kichwani.

"Fanya chapuchapu leo, tafadhali. Wageni wanalowa."

Shangazi akaita majina papo hapo aliposimama, karatasi ikichuruzika maji. Akafika kwa mtunza masijala, ambaye alikuwa shemeji yake, mume wa dada yake mkubwa, na ndiye aliyempelekea barua ya maombi ya kazi zamani hizo. Katika mazoezi yote alikuwa wa kwanza kushuka.

"Yupo!" Redio akaitikia kutoka kibarazani. "Yuko huku nyuma."

Shangazi akaweka alama.

Dakika chache baadaye moshi mweusi ukaanza kutoka kwenye matundu ya hewa ya ghorofa ya nane. Watu wakaacha kucheka. Zimamoto walipofika, mkuu wao akamwendea moja kwa moja aliyevaa kizibao.

"Watu wa ghorofa ya tisa?"

"Wote wapo."

Akapeleka watu wake wote ghorofa ya nane.

Ndipo simu ya Shangazi ikaita. Alikuwa dada yake.

"Mdogo wangu, nasikia jengo lenu linaungua. Shemeji yako hapokei simu. Umemwona?"

Shangazi hakuwa amemwona. Akakimbia kibarazani, simu ikiwa bado hewani.

"Shemeji yuko wapi?"

Redio akageuka nyuma, akatazama kulia, akatazama kushoto. "Si... nilijua tu yupo. Siku zote si huwapo?"

Kutoka kwenye simu sauti ya dada iliendelea kuuliza, "Haloo? Haloo?"

Shangazi akavuka barabara bila kuangalia magari, akamshika mkono mkuu wa zimamoto. "Kuna mtu! Ghorofa ya tisa, masijala, mlango wa mwisho kushoto!"

"Mama, umeniambia wote wapo."

"Nimekosea."

Zilikuwa zimepita dakika ishirini tangu aweke alama. Walimkuta amezirai kwa moshi nyuma ya mlango wa masijala, mlango mnene uliowekwa majuzi kulinda majalada, ambao ulizuia na mlio wa king'ora. Alipobebwa kushushwa ngazi za mawe, kalamu ilikuwa bado sikioni. Meneja aliinamisha uso. Wageni wake walikuwa wameshaondoka.

Katika barua ya maelezo Shangazi hakumtaja Redio, meneja, wala mvua. Aliandika kwamba aliweka alama bila kuona. Mimi naona walistahili kuandika barua watatu, lakini iliyopokelewa ni moja tu.

Shemeji yake alifariki siku ya pili, akiwa na miaka hamsini na minane. Daktari alisema angetolewa dakika kumi mapema angepona. Dada yake mkubwa hajaongea naye tangu mazishi.