Jina Nililolipata kwa Jogoo

Hakuna kitu duniani kinachoweza kunishangaza mimi. Nilianza na kilo tano za misumari juu ya turubai pale soko la Mwanjelwa, Mbeya, na leo nina duka la milango minne la vifaa vya ujenzi. Katikati ya hapo nimeletewa saruji iliyochanganywa majivu. Nimepewa noti bandia na mtu aliyetoka ibadani na Biblia kwapani. Nimekaguliwa leseni na ofisa ambaye, kumbe, alikuwa fundi cherehani wa mtaa wa pili. Wote niliwanusa kabla hawajafungua mdomo. Shule sina, lakini pua ninayo.

Kwa hiyo walipokuja wageni kutoka Ipogolo, Iringa, kumposa binti yangu wa kwanza, niliwakaribisha kwa moyo mmoja na kuwanusa kwa pua zote mbili. Binti alisomea uuguzi Iringa, huko ndiko alikompata kijana, fundi umeme, mtoto mpole asiyeweza kukutazama machoni. Barua ya posa ilikuwa imekuja mapema. Niliijibu mwenyewe kwa mkono wangu, nikaandika majina yangu matatu, na kwa mazoea nikagonga muhuri wa duka. Mama watoto akacheka mpaka akakaa chini. "Baba watoto, unaoza mtoto au unatoa risiti?"

Wageni walikuwa wawili. Mmoja mshenga, mtu mnene, maneno mengi kama redio. Mwingine baba mkubwa wa kijana, fundi mwashi mstaafu, mkavu, aliyepapasa plasta ya ukuta wangu kabla hajakaa. Huyo wa pili nilimtilia shaka palepale. Mtu anayepima ukuta wako anapima na mfuko wako.

Tulichinja mbuzi. Nyumbani kwangu figo ni za mwenye nyumba, hilo halina mjadala. Nikawa nakula, na kila nikiinua macho nakuta mzee ameacha sahani yake, anatazama yangu.

"Figo tamu?" akaniuliza.

"Karibu, baba. Chukua hii moja."

"Hapana, mkwe. Sisi hatuli figo. Na ninyi mmeanza kula lini?"

Swali gani hilo? "Tangu mbuzi waumbwe," nikamjibu. Mshenga akacheka kwa niaba ya wote.

Mzee hakucheka. Akafuta mikono polepole. "Jina lenu hili la ukoo," akasema, "lina maana gani?"

Hapo nilijisikia niko nyumbani, maana swali hilo wateja huniuliza kila wiki. Jina langu ni la Kihehe, nami nauza Mbeya, watu wanataka kujua. Nikamwambia kama ninavyowaambia wote: "Maana yake ni shujaa asiyerudi nyuma."

"Aha," akasema mzee.

Ile "aha" ilinikaa kooni kama mwiba wa samaki.

Siku ya nne mshenga akapiga simu. "Mzee wangu, kuna jambo dogo." Jambo dogo halipigiwi simu saa moja asubuhi. Akazunguka, akasifia mbuzi, akauliza hali ya mvua, mwisho akatua: wazee wamesimamisha uchumba. Kijana hutumia jina la babu yake, lakini ni wa ukoo uleule wenye jina langu, na kwao wenye jina moja na mwiko mmoja ni ndugu. "Wanasema binti ni dada yake, mzee. Hawawezi kumwozesha kijana dada yake. Labda uje mwenyewe Ipogolo uwaeleze ukoo wenu."

Nikakata simu. Dada gani? Nikaona mchezo wote. Wamepata binti mwingine. Au wanataka mahari ishuke, wananitisha ili nianze kubembeleza. Nikamshuku mshenga, kwamba amekula pande mbili. Nikamshuku jirani yangu wa biashara, mwenye duka linalotazamana na langu, ambaye mwanawe aliwahi kumtaka binti yangu nikamkatalia. Nikavuka barabara na kandambili zangu.

"Jirani, umewaambia nini watu wa Iringa?"

"Watu gani?"

"Unawajua. Mmoja mnene, mmoja mkavu."

"Aa, wale. Waliniuliza habari zako nikawaambia mabati yako ni membamba," akasema, huku anapanga makopo ya rangi. "Lakini hilo naiambia Mbeya nzima, sikuwabagua."

Nilirudi nyumbani nimevimba. Mama watoto alikuwa anachagua mchele, hata hakuinua kichwa. "Unamtafuta mchawi," akasema, "na kioo kiko ukutani."

Yeye anajua. Ametoka kijiji cha jirani na kwetu, huko juu milimani nyuma ya Mbeya, kwenye viazi na ukungu. Anajua kwamba lile jina si langu.

Nilieleze vizuri, maana hata watoto wangu sikuwahi kuwaeleza. Darasa la saba nilifeli. Wakati ule kurudia darasa kulikatazwa, lakini kila mtu alijua mlango wa nyuma: unachukua jina la mtoro. Mwanafunzi ameacha shule, jina lake bado liko kwenye daftari la mahudhurio, wewe unaliingia kama mtu anavyoingia kwenye koti la mwenzake. Katika shule ya jirani kulikuwa na mtoto wa Kihehe ambaye baba yake alifanya kazi kwenye kambi ya barabara. Mtoto alirudishwa kwa bibi yake Iringa, jina likabaki. Bibi yangu akampelekea mwalimu mkuu jogoo mmoja mwekundu, na Jumatatu nikaitwa jina jipya nikaitika "nipo". Nikafanya mtihani tena. Nikafeli tena. Mimi nadhani ni mtu pekee ninayemfahamu aliyefeli darasa la saba kwa majina mawili.

Lakini cheti cha kumaliza kilitoka kwa jina hilo. Kwa cheti nikapata leseni ya gari, kwa leseni nikafungua akaunti, kwa akaunti duka, na juzijuzi kitambulisho cha taifa. Jina lilipanda juu kama mche wa boga, likafunika nyumba. Na sitasema uongo, nililipenda. Jina langu la kuzaliwa nililichukia. Baba alifariki mimi nikiwa tumboni, watu wakamsema mama vibaya, na bibi akaniita kwa lugha yetu neno lenye maana ya "wamenicheka". Hebu niambie, utaandika hilo juu ya duka?

Maana ya jina la Kihehe sikuwahi kuuliza. Ile ya shujaa niliitunga mwenyewe, na ikauza.

Jumamosi binti akaja kutoka kazini. Hakulia. Aliosha vyombo vyote, akakausha mikono, akaja akasimama mbele ya televisheni.

"Baba, kama sisi ni ukoo wao, niambie nimwache leo. Kama sisi si ukoo wao, niambie sisi ni kina nani."

"Nani amekwambia maneno hayo?"

"Bibi kule kijijini alikuwa anakuita jina lingine. Wewe ulisema ni la utani. Mtu gani anataniwa mpaka bibi anazikwa?"

Nikamshuku hata yeye, Mungu anisamehe, kwamba wale watu wamemtuma. Halafu nikamtazama. Alikuwa anangoja, na ameshika kitambaa cha vyombo kama mtu aliyeshika tiketi. Nikaona nimebanwa. Nikisema jina ni langu, mtoto wangu hana ndoa. Nikisema si langu, mimi ni mwizi wa jina, na bango la duka langu ni ushahidi wa mita sita.

"Kesho kutwa naenda Ipogolo," nikasema.

Niliendesha mwenyewe, gari langu, halina mkopo. Kutoka Mbeya mpaka Iringa nilipanga maneno. Nilipopita Chimala nilipanga uongo mmoja mzuri sana, wa mama wa Kihehe na baba wa huku kwetu. Makambako nikauona una tundu. Nilipofika Ipogolo sikuwa na kitu mkononi zaidi ya katoni ya soda.

"Kamwene," wakanisalimu kwa Kihehe, nikaitikia kwa lafudhi ya kununua. Sebuleni kulikuwa na mzee mkavu, mshenga, mama wa kijana, na mwanamume wa rika langu aliyekaa kwenye stuli karibu na mlango, mikono ina grisi ya baiskeli. Huyo sikutambulishwa. Nikamwekea alama: shahidi wa kukodi.

"Tueleze, mkwe," mzee akasema. "Ukoo wenu ulitokea wapi?"

Nilifungua mdomo, uongo wa Chimala ukaja mpaka kwenye meno. Nikamkumbuka binti na kile kitambaa. "Wazee wangu," nikasema, "sisi hatukutokea popote. Jina si letu. Nililipata shuleni, kwa jogoo."

Mama wa kijana akasema, "Jogoo?"

Nikaeleza yote. Nilipomaliza, yule wa kwenye stuli akainuka, akaja akanitazama uso kwa uso, kama mtu anayejitazama kwenye dirisha la duka.

"Kwa hiyo wewe ndiye mimi," akasema.

Nikajua wananichezea. Nikamgeukia. "Kama wewe ndiye mwenyewe, mwalimu mkuu alikuwa na kasoro gani?"

"Hakuwa na kidole gumba cha kushoto," akajibu bila kufikiri, "na mkono wa kulia ulifanya kazi ya yote miwili mgongoni kwetu."

Ni kweli kabisa.

"Na wewe," akaendelea, sauti inapanda, "ndiye uliyenifelisha! Mimi niko hapa kwa bibi nachunga mbuzi, baba kule Mbeya anakuta jina langu limebandikwa ukutani, nimefeli! Akaja nyumbani anauliza, ninyi, mtoto amefanyaje mtihani na yuko machungani? Mpaka leo ndugu zangu wananiambia, wewe umefeli hata ulipokuwa hupo!"

Wakacheka wote, mshenga akapiga paja. Mzee pekee ndiye hakucheka. Kumbe yeye alishalijua jambo tangu barua yangu ilipofika, majina matatu ya mtoto wa mdogo wake mwingine, huyu wa baiskeli, yamegongwa muhuri wa duka la mabati. Alikuja Mbeya kuona ni tapeli wa aina gani, na hilo la dada lilikuwa mtego wa kunifanya niseme mwenyewe. Nilikuwa namnusa yeye, naye ananinusa mimi, kila mmoja anadhani pua ni yake peke yake.

"Sasa nikwambie maana yake," akasema. "Babu yetu alitoka mawindoni akakuta ndugu zake wameshakula nyama, wamembakizia figo. Akazikataa. Jina letu ni hilo, yule aliyekataa masalio. Ndiyo maana hatuli figo. Wewe ulizila mbili mbele yangu."

Nikawasogezea ile katoni ya soda.

Wakatoka nje kushauriana, wakarudi. Uchumba unaendelea, maana damu si moja. Jina kwenye makaratasi yangu wananiachia, wao si polisi. Lakini nilipe ng'ombe mmoja wa kulitakasa jina, na blanketi mbili, moja ya mzee na moja ya mwenye jina. Matangazo ya ndoa kanisani yatasomwa kwa jina langu la kuzaliwa. Na bango la duka lishuke.

"Bango kwa nini?" nikauliza. "Hayo mengine nimekubali."

"Hatutaki jina letu likae juu ya mabati membamba," mzee akasema.

"Geji ishirini na nane, mzee! Nani amekwambia membamba?"

"Jirani yako."

Jumapili tatu mfululizo mwinjilisti wetu alisoma kwamba binti wa fulani anatarajia kufunga ndoa, na hapo penye fulani pana lile neno la bibi yangu. Wanaojua lugha yetu waligeuka kunitazama, na wengine walicheka kweli, kama bibi alivyosema. Binti alisimama mstari wa mbele, shingo imenyooka. Nami nikasimama.

Duka sasa limeandikwa Vifaa vya Ujenzi basi, rangi ya bluu. Jirani yangu anasema linasomeka vizuri zaidi. Ng'ombe, blanketi, wakili wa kiapo cha kurekebisha majina ya binti, fundi wa bango na mafuta ya gari Mbeya–Iringa safari tatu: ukimwacha yule jogoo, jina lile limenigharimu shilingi milioni mbili, laki moja, elfu sabini na nne na mia tano.