Mapovu ya Saa Nne

Kuna watu wakikutengenezea kinywaji unakunywa, unasema asante, unaendelea na mambo yako. Mama Mapovu hakuwa wa namna hiyo. Ukinywa sharubati yake lazima uulize ni ya nani, na ukishauliza umekwisha, maana atakuja mwenyewe mpaka mezani pako akusimulie tangu nanasi lilipomenywa. Miaka ishirini na miwili alifanya kazi jikoni kwenye ukumbi wa sherehe. Aliingia kama mwosha vyombo, akatoka akiwa ndiye mwenye bakuli la kioo, lile kubwa linalowekwa katikati ya meza ya maharusi, na hakuna aliyethubutu kuligusa. Meneja alijaribu mara moja. Hakurudia.

Kazi yake ilikuwa na amri moja tu: soda huingia mwisho. Matunda yaandae hata jana yake ukipenda, nanasi, machungwa, pasheni, ndimu mbili tatu za kuamsha ulimi, na tangawizi iliyotwangwa ikachujwa kwa kitambaa. Barafu yake nayo haikuwa ya maji. Aligandisha juisi yenyewe, ili ikiyeyuka isikizimue kinywaji. Vyote hivyo vilikaa kwenye jokofu vikisubiri. Lakini soda ilibaki ndani ya chupa zake mpaka mgeni wa heshima awe mlangoni, ndipo anaimimina taratibu ubavuni mwa bakuli, bila kukoroga, na mapovu yanapanda kati ya vipande vya matunda watu wakiyatazama. Ukiwahi kumimina, alikuwa akisema, utawapa watu maji ya sukari.

Sasa, mtu anayefanya kazi ukumbini hana Jumamosi wala Jumapili. Mwanawe wa pekee alilelewa na Bibi, mama mzazi wa Mama Mapovu, chumba cha nyuma, kitanda kimoja. Bibi alimwita "mume wangu", kama bibi wengi wanavyowatania wajukuu wao, ila huyu alitania kwa bidii. Akichelewa kutoka shule anaulizwa alikuwa kwa mke gani. Akipewa nyama ndogo Bibi anagomba kwamba mume wake ananyanyaswa. Mtoto alikua akijua kwamba duniani kuna mtu mmoja ambaye hatakubali aonewe.

Akawa fundi wa mitambo, akaenda ng'ambo kufanya kazi, na miaka kumi na minne ikapita. Hakuwa mtoto mbaya, jamani. Alipiga simu kila Jumapili na alituma alichoweza. Ila kila akiulizwa anakuja lini, jibu lilikuwa mwakani, na mwakani huyo alikuwa na miguu mizito ajabu.

Wakati huo Bibi akaanza kupotea. Haikuwa kupotea njia, alipotea akiwa hapohapo kitini. Asubuhi akili zake zilikuwa nyumbani: anajua siku, anajua majina ya majirani na madhambi yao. Jua likishapita utosini anaanza kuuliza hapa ni kwa nani. Kufika alasiri hamjui hata binti yake, anamwita dada, anamwomba amwelekeze kwao. Daktari alisema hata hizo asubuhi zitapungua. Mama Mapovu akamweleza mwanawe kwenye simu, na kwa mara ya kwanza hakusikia mwakani.

Ujumbe ukaja wiki moja baadaye. Kampuni ilikuwa inamhamishia nchi nyingine na ndege ingempitisha kwao. "Mama, Jumamosi nitakuwa hapo nyumbani saa 4. Nina saa chache tu, usiku naendelea na safari."

Mama Mapovu alikaa kitako sakafuni kwa furaha. Saa nne! Angeitafuta saa ya kumpendeza Bibi asingepata iliyo bora kuliko hiyo. Saa nne asubuhi Bibi anakuwa Bibi kamili. Akajibu haraka: "Saa nne, sawa mwanangu. Tutakuwa tayari." Mwana naye akajibu sawa.

Ijumaa nzima alikata matunda. Hakuwa amelishika bakuli la kioo tangu ukumbi ulipomstaafisha na kumpa bakuli hilo kama zawadi, na alilisugua mpaka wifi yake, dada wa marehemu mumewe, akamwuliza kama anataka kulitoboa. Jumamosi majirani wakaja mapema na viti vyao. Sebule ikajaa. Bibi alitolewa chumbani akiwa na gauni lake la buluu, akaketishwa kwenye kiti kinachotazama mlango.

"Nipe kioo," alisema.

"Umependeza, mama."

"Najua nimependeza. Nataka kuona kama mume wangu atanitambua."

Saa nne kasoro dakika tano gari likasikika likipunguza mwendo nje. Wifi alikuwa dirishani. "Gari! Limesimama! Mimina, wifi, mimina!" Na Mama Mapovu, mwanamke ambaye kwa miaka ishirini na miwili hakufungua chupa mpaka aone uso wa mgeni kwa macho yake, siku hiyo alisahau amri yake mwenyewe. Akamimina zote kumi na mbili. Mapovu yakapanda, watu wakapiga vigelegele, Bibi akajishika kifua. Mlango ukafunguliwa. Alikuwa mtu wa kusoma mita za maji.

Wakacheka, wangefanyaje? Wakamkaribisha glasi akanywa. Wakasubiri. Simu ya mwana ilikuwa imezimwa, na wakasema bila shaka yuko hewani, ndege zinachelewa siku hizi. Saa tano. Saa tano na nusu.

"Huyu bwana vipi?" Bibi akasema. "Au kanipatia mke mwenzangu?"

Watu wakacheka tena, lakini si kama mwanzo. Bakulini mapovu yalikuwa yamebaki machache pembeni. Majirani walikunywa kwa adabu. Mama Mapovu aliwaona wakikunywa kwa adabu, na hilo lilimuuma kuliko kama wangeimwaga sharubati yenyewe.

Ilipokaribia saa saba Bibi akamwita binti yake amwinamie. Akamshika mkono kwa nguvu ambayo binti hakujua kama mama yake bado anayo.

"Mnadhani sijui ninavyokuwa mchana," alisema polepole. "Najua. Nasikia kunavyoanza, kama sasa. Akija akanikuta sipo, mwambie nilikuwepo. Nilivaa, nikakaa hapa, nikamsubiri. Umesikia? Mwambie."

"Nitamwambia, mama."

"Apa."

"Naapa."

Baada ya hapo akatulia akitazama mlango, na kidogokidogo akawa anautazama mlango bila kujua kwa nini. Majirani wakaaga mmoja mmoja, wakabeba viti vyao.

Saa kumi kamili, kamili kabisa, teksi ikasimama. Mwanamume mwenye mvi mbili tatu kidevuni akaingia akitabasamu, begi begani. Mama Mapovu alimkumbatia mpaka akasahau kupumua. Mwana akatazama huku na huku, glasi chafu, sakafu yenye alama za viti.

"Mbona kama sherehe imekwisha? Nimekuja kwa wakati. Nilisema saa nne."

"Saa nne gani hii?" wifi akaropoka. "Watu wamekusubiri tangu asubuhi, shangazi yako mimi nimesimama dirishani mpaka miguu imevimba!"

Mama Mapovu alimkata jicho, lakini neno lilikwisha kutoka. Mwana akatoa simu yake, akausoma ujumbe wake mwenyewe. Akatazama saa ya ukutani. Midomo yake ikawa inahesabu, kama mtoto wa darasa la kwanza. Miaka kumi na minne alikuwa akihesabu saa kwa namna ya watu wa huko, ambao saa nne yao ni jioni, na siku aliyomwandikia mama yake kwa lugha ya mama yake, ile saa aliiacha huko ilikokuwa.

"Saa kumi," alisema. "Ilikuwa niandike saa kumi."

"Ni jambo dogo," mama yake akasema. "Njoo umsalimie Bibi."

Alipiga magoti mbele ya kiti. "Bibi, shikamoo. Mume wako nimekuja."

Bibi akamtazama kwa heshima, kama mtu anavyomtazama mtu asiyemjua aliyejitahidi kuvaa vizuri. "Marahaba, baba. Ni wewe fundi wa bomba?"

"Bomba la jikoni linavuja," Bibi akaendelea. "Nimewaambia wakuite tangu juzi."

"Ndiyo, Bibi," mwana akasema. "Ni mimi fundi. Ngoja nilitazame."

Akaenda jikoni. Bomba lilikuwa zima. Mama Mapovu alimfuata akamkuta amelifungua, maji yanakwenda, naye amesimama ameegemea sinki kwa mikono miwili, mabega yanamtetemeka. Hakumgusa. Alisubiri mpaka alipofunga maji mwenyewe, akajifuta uso kwa mkono wa shati, akarudi sebuleni kusema tayari, Bibi, halivuji tena. Bibi akamwombea heri na watoto wengi, kisha akawaagiza wampe fundi kinywaji.

Hapo Mama Mapovu aliona aibu aliyokuwa hajawahi kuiona ukumbini. Sharubati ilikuwa imelala kabisa, barafu zote zimeyeyuka, vipande vya nanasi vimezama. Mwana alikunywa glasi mbili, akalamba mdomo.

"Ni ileile," alisema.

"Si ileile. Usinidanganye kwenye kazi yangu."

Walicheka kidogo, wote wawili, na kicheko kikakatika njiani.

Mwana akakaa na Bibi mpaka saa kumi na mbili, akimsikiliza akieleza habari za watu waliokufa zamani. Mara moja tu alijaribu tena kumwambia yeye ni nani. Bibi akaingiwa na hofu, akaanza kumtafuta binti yake kwa macho, naye akaacha.

Teksi ilipokuja, Mama Mapovu alimsindikiza nje. Mwana akaweka begi kiti cha nyuma, akasimama na mlango mkononi.

"Mama, niambie kweli. Asubuhi alikuwa sawa? Alijua nakuja?"

Wifi alikuwa kizingitini, akasikia swali. Akamtazama Mama Mapovu, na Mama Mapovu hakumtazama. Alikuwa anamwona mwanawe ndani ya ndege, katikati ya watu asiowajua, na kesho yake, na mwaka ujao, akiihesabu saa nne ile. Alikuwa bado anausikia mkono wa mama yake juu ya wake.

"Hapana, mwanangu," alisema. "Tangu alfajiri alikuwa hivyohivyo ulivyomwona. Hata ungekuja asubuhi asingekujua."

Mwana akashusha pumzi ndefu. Uso wake ukalegea, akawa mtoto tena.

"Basi sikukosa kitu."

"Hukukosa kitu," akasema mama yake, akamfungia mlango wa teksi mwenyewe.