Mchezo Uliokataa Kufunguka

Mara ya mwisho kuisikia sauti ile nilikuwa ofisini kwenye kiwanda cha samaki, nikisubiri karatasi za mzigo wa sangara tulioutoa visiwani. Mashine ya faksi ilitoa mluzi mrefu, mwembamba, kisha ikaanza kukwaruza kama kuku anayeparua bati. Karani hakuinua hata uso. Mimi nilishika ukingo wa meza. Puani iliniingia harufu ya pombe ya gongo na ya blanketi lililofuliwa mara nyingi mno, na kwa muda nikawa tena kijijini Izigo, mtoto wa miaka kumi, nimekaa mkekani katika chumba chenye dirisha moja, nikimwomba Mungu kanda isome mpaka mwisho.

Nitawaeleza ilivyokuwa, maana wengi mnadhani kompyuta zilifika kwetu pamoja na minara ya simu.

Taata, ndivyo Wahaya tunavyomwita baba, alirudi kutoka Kampala akiwa nyuma ya baiskeli, amefungwa kwa kitenge kwenye kiuno cha mwendeshaji asije akaanguka. Alikuwa fundi redio huko tangu vita ya mpakani ilipokwisha na njia ikafunguka. Baiskeli ya pili ilibeba mali zake: televisheni ndogo isiyo na rangi, betri ya gari, redio kaseti, na boksi lenye kompyuta ambayo Mzungu mmoja alimwachia alipokuwa anarudi kwao. Haikuzidi ukubwa wa kitabu cha nyimbo cha kanisani, na vitufe vyake vya mpira vilikuwa laini kama sikio la mbuzi. Programu zake zilikaa kwenye kaseti za kawaida, zile zile za muziki. Taata alikuwa nayo moja tu. Ndani yake, alisema, kulikuwa na mchezo wa mtu mdogo mwenye kofia anayekimbia na kuruka mashimo.

Ugonjwa wenyewe haukutajwa kwetu. Watu waliokua pamoja naye walimsalimia kutoka uani, wakaweka mkungu wa ndizi barazani, wakaaga kabla hajamaliza kujibu. Mama alikuwa amekwenda kwao Maruku na mdogo wangu anayenyonya, nikaambiwa atarudi kahawa ikiiva. Kahawa iliiva, ikachumwa, ikaanikwa.

Bibi, mama yake Taata, alikuwa na kibanja cha kulima na misiba ya kwenda, na miaka ile misiba ilipangana foleni. Basi nikatolewa darasa la nne. Kazi yangu ilikuwa kukaa. Nimpe maji, nifukuze nzi, nimgeuze upande, niite mtu akizidiwa. Mwisho wa ruhusa yangu ulikuwa pale nyasi zilizotandikwa sebuleni zilipoishia, karibu na mlango. Kupitia dirishani niliona majani ya migomba, na upepo ulipoyatenganisha niliona kipande cha ziwa kisichozidi upana wa mkono, kisha yakajifunga tena. Asubuhi wenzangu walipita njiani wakienda shule na mchana wakarudi. Walijua habari za televisheni.

"Koku! Sinema imeanza?" walipiga kelele kutoka kwenye ua.

"Bado kidogo!"

"Kidogo gani kisichoisha? Wewe umeolewa humo ndani!"

Wakacheka mpaka wakapotea kwenye kona. Nilibaki nimeshika nondo za dirisha. Siku moja Taata aliamka akanikuta hivyo, akaniangalia kwa muda mrefu.

"Unataka kutoka," alisema.

Mtoto wa Kihaya hamjibu baba yake neno kama hilo.

"Tufanye hivi. Tuufungue ule mchezo, mimi na wewe. Mimi sina mikono, wewe ndiye mikono yangu. Siku ukifunguka, nitamwambia bibi yako akuachie urudi shule. Umesikia?"

Nilisikia. Sikulala vizuri kwa furaha.

Siku ya kwanza televisheni ilionyesha chenga tupu. Nikazungusha kitufe cha stesheni polepole, Taata akinielekeza kutoka kitandani, mpaka kioo kikatulia na mstari wa Kizungu ukatokea chini. Nikachomeka waya kutoka redio kaseti kwenda kwenye kompyuta, nikaandika amri aliyonifundisha, nikabonyeza kitufe cha kuchezesha kanda. Kompyuta ikatoa mluzi mwembamba kama mbu aliyeko chumba cha pili. Michirizi ya kijivu ikapita pembeni mwa kioo. Halafu ikasimama, yakaja maneno ya Kizungu.

"Inasemaje, Taata?"

"Inasema imeshindwa kusoma kanda. Rudisha nyuma, tuanze tena."

Hayo maneno nikayajua kuliko Baba Yetu.

Tulihangaika. Kwanza Taata alisema hedi, kile kipande cha chuma kinachogusa kanda, imechafuka. Bibi alikuwa na gongo kidogo kwa ajili ya kumsugua miguu, basi nikachovya unyoya wa kuku nikaisafisha mpaka ikang'aa. Haikusoma. Akasema pengine hedi imeinama, nikachukua bisibisi ndogo nikazungusha skrubu yake nusu, kisha robo, huku sikio langu likiwa juu ya kompyuta kusikiliza mluzi ukikaza na kulegea. Haikusoma. Kompyuta ikawa inachemka, kwa kuwa betri ya gari ilikuwa na nguvu kuliko ilivyohitaji. Nikakata kipande cha mgomba mbichi, kile kigogo chenye maji ya baridi, nikailaza juu yake kama mtoto mwenye homa. Ilipoa sana, ila kitufe kimoja kikanywa maji, ikatubidi kuianika siku mbili barazani pamoja na kahawa. Bibi akapita na kapu.

"Sasa mnaanika na kinanda? Na mimi niwachambulie?"

"Kimelowa, Bibi."

"Kikikauka kitaimba nini? Siku zote kinalia kama mbu. Mbu ninao."

Lakini alinionya jambo moja tu: nisiguse gurudumu la sauti. Redio ilipofika tu nyumbani, Bibi alilishusha gurudumu lile dogo mpaka karibu na mwisho, akalimiminia nta ya mshumaa lisizunguke. Ilikuwa tabia yake tangu vita. Wakati ule alijificha migombani na watoto wawili, akajifunza kuwa nyumba yenye sauti ndiyo inayogongwa mlango. Isitoshe, alisema, mgonjwa akiwa ndani majirani hawapaswi kusikia ngoma. Mimi niliikuta nta ile nikaiona kama nilivyouona ukuta. Haikunijia akilini kuwa ni kitu kinachoweza kuondolewa.

Siku zikaenda. Betri ikiisha, jirani aliipeleka kwa baiskeli kuchajiwa kwenye mashine ya kusaga, na hizo ndizo zilikuwa siku mbaya zaidi, kwani hapakuwa na la kufanya ila kukaa. Ikirudi, tulianza upya. Kurudisha kanda nyuma kulichukua dakika kadhaa kila mara, na dakika hizo Taata alizijaza kwa maneno. Aliwahi kuletewa redio na mama mmoja aliyelalamika kwamba mtangazaji ana mafua. Alipoifungua akakuta panya amezalia ndani ya spika. Alicheka mpaka akakohoa, nami nikampa maji. Lakini, niwaambie ukweli, nilisikiliza kwa sikio moja. Sikio jingine lilikuwa njiani, kwa wenzangu.

Muhula ukaisha, mwingine ukaanza. Wenzangu sasa hawakuniita tena wakipita. Hilo liliniuma kuliko kejeli zao.

Jioni moja nilikuwa jikoni na Bibi, namenya ndizi. Nilikuwa nimechoka kiasi ambacho sikukijua kuwa ni uchovu. Nikauliza, kwa sauti ya kawaida kabisa, kama mtu anayeuliza chungu kitaiva saa ngapi:

"Bibi, hivi Taata atamaliza lini?"

Alinipiga kofi la mdomo kwa mkono wenye utomvu. Tukaendelea kumenya.

Kesho yake Bibi alikwenda msibani mapema. Taata akaniita.

"Koku, njoo ukae hapa. Jana nilikusikia jikoni."

Nilitazama mkeka.

"Ulimuuliza bibi yako nitakufa lini."

"Sikusema hivyo, Taata. Nilisema utamaliza lini."

"Haya. Sijakasirika. Lete kisu kile kidogo."

Nilikileta. Alinyoosha kidole kuelekea redio.

"Bandua ile nta."

"Bibi amekataza."

"Mimi ndiye ninayesema. Bandua."

Nta ilitoka kwa vipande vidogo vyeupe. Akaniambia nizungushe gurudumu mpaka lipite katikati, kisha kidogo tena. Nikarudisha kanda, nikaandika amri, nikabonyeza. Safari hii mluzi haukuwa wa mbu. Ulitoka kwenye kompyuta ukiwa umenyooka na imara, na michirizi pembeni mwa kioo ikasimama sawasawa kama mistari ya daftari. Halafu mkwaruzo. Picha ikaanza kujijenga kutoka juu, mstari kwa mstari: anga, kilima, shimo, na kando ya shimo mtu mdogo mwenye kofia, mguu mmoja mbele, anasubiri.

"Taata! Umefunguka! Umefunguka, Taata!"

"Nimeuona. Sasa nenda."

"Niende wapi?"

"Si nilikuahidi? Nenda nje. Bibi yako nitasema naye, Jumatatu utakwenda shule. Nenda, mama."

Alinisaidia mwenyewe, kwa kugeuza uso ukutani kidogo ili nisione aibu ya kumwacha. Mimi sikubonyeza hata kitufe kimoja. Niliruka nyasi za sebuleni, nikapita baraza, nikakata migomba kwa mabega, na nilipofika njiani niliendelea kukimbia bila sababu, nikishuka kuelekea ziwani, mdomo wazi, nikimeza upepo. Nilicheza na watoto ambao hata siwajui majina. Nilikula mapera mabichi. Hakuna siku nyingine maishani nimewahi kuwa nje namna ile.

Niliporudi jua limeanza kulala, betri ilikuwa imechoka na picha imekunjamana katikati ya kioo. Mtu mwenye kofia alikuwa bado amesimama kando ya shimo. Taata alikuwa macho, anamtazama.

"Mbona hukucheza, Taata?"

"Nilikuwa nakusubiri wewe," alisema, kisha kama aliyejikumbuka, akaongeza, "unipe maji."

Jumatatu nilikwenda shule. Bibi alikubali bila ubishi, akapunguza kulima. Taata alifariki kabla muhula haujaisha. Tulikuwa kwenye hesabu mtu alipokuja mlangoni kumnong'oneza mwalimu. Kwa siku tatu hakuna aliyegusa jembe kijijini. Vitu vyake wakagawana ndugu, na kompyuta akaichukua mmoja aliyependa waya zake.

Shule nayo haikunishika. Nilitoka darasa la sita, nikaanza hii safari yangu isiyo na kituo: Kemondo, visiwani, Mwanza, tena visiwani. Nimevua dagaa, nimekaanga mihogo, nimeshika tochi kwa mafundi wa kila aina, maana siwezi kuona kitu kimefunguliwa nikapita bila kuchungulia. Katika kisiwa kimoja cha Muleba nilimsaidia fundi redio, mzee mwenye miwani iliyofungwa uzi. Siku ya mvua nikampa kisa cha Bibi na nta yake, ili acheke. Nilikuwa nimewachekesha wengi kwa kisa kile.

Alicheka. Kisha akaweka chini kifaa chake cha kulehemu.

"Baba yako alikuwa fundi kweli, au fundi wa kusema?"

"Fundi kweli. Kampala nzima."

"Basi hapo mimi sielewi. Kanda haisomeki, fundi anaanza na sauti. Hata huyu mwanangu anajua."

"Labda aliogopa kelele. Bibi alikuwa mkali."

"Kelele gani, mama? Ukichomeka waya, spika ya redio inakatika, inanyamaza. Sauti yote inaingia kwenye mashine. Angeipandisha mpaka mwisho na bibi yako asingesikia kitu uani."

Nilitoka nje nikasimama kwenye mvua.

Siwadanganyi, kitu cha kwanza kilichonipata kilikuwa hasira. Muhula mzima na zaidi! Miezi ile dirishani, nikizungusha skrubu ambayo haikuwa na kosa, nikisafisha hedi iliyokuwa safi, na yeye amelala pale, anajua. Alijua tangu mluzi wa kwanza. Fundi aliyemkuta panya ndani ya spika asingekosa kusikia kwamba sauti ni ndogo. Nilikuwa mfungwa wake, na ufunguo ulikuwa mdomoni mwake.

Ilinichukua miaka mingine kukumbuka upande wake wa chumba. Watu walimsalimia kutoka uani. Mkewe alikuwa Maruku. Mama yake alikuwa akizika watoto wa wenzake. Duniani kote alibaki na mtu mmoja wa kukaa karibu naye kiasi cha kuguswa kwa mkono, na mtu huyo alikuwa ameshika nondo za dirisha. Baba hawezi kumwambia mtoto wa miaka kumi, tafadhali usiniache. Angalau yeye hakuweza. Akasema hedi imechafuka. Akasema rudisha nyuma, tuanze tena.

Sina picha yake hata moja. Lakini kwa zile dakika za kurudisha kanda, najua kuwa aliogopa bata maisha yake yote, kwa sababu mmoja alimfukuza siku ya Komunyo yake ya kwanza. Najua alijifunza Kiganda kwa kugombana na mwenye nyumba, na kwamba siku ya kwanza kumwona mama yangu alimrekebishia redio ambayo haikuwa imeharibika, akamwambia arudi kesho kuichukua, na kesho yake akamwambia bado.