Baiskeli Niliyoichukua Msibani

Barua nililetewa kwenye mkonge, mikono inaniwasha utomvu. Kusoma nilijua kidogo tu, nilitoroka shule mapema, basi karani akanisomea: nimechukua baiskeli ya kampuni bila ruhusa, nijieleze kwa maandishi kabla ya Jumamosi, la sivyo kazi sina. Kukosa kazi ni kukosa na chumba cha kambini, na mke wangu alikuwa mja mzito wa leo au kesho.

Kuichukua, niliichukua. Nyapara wetu alifiwa na mama yake kule Mchinga. Yeye Mngindo, mimi Mmwera, ni watani, na mtani msibani halii. Nililala kaburini wachimbaji wakanibembeleza nitoke, nikamwambia marehemu aache uvivu ainuke akapike, kisha nikaondoka na baiskeli ya mwanawe, huyo nyapara, mpaka aikomboe. Ndiyo desturi yetu. Kwamba baiskeli yenyewe ni ya kampuni, hilo halikunijia.

"Irudishe, tuandike umeomba radhi," karani akasema. Alikuwa mtu wa mbali, wa ziwani huko.

"Hairudishwi bure, inakombolewa. Na nikiomba radhi nimekubali wizi."

"Basi niandike nini? Kwamba ulikwenda kuzika ukacheka?"

Sikukaa kitako tena. Nilikwenda kisimani bila ndoo, nikarudi. Mke wangu akasema, "Mwenzangu, keti, unanitia kizunguzungu." Yeye alikuwa mtu wa Rutamba, watu wapole wale, lakini siku hiyo alinifokea.

Nikamfuata nyapara matangani.

"Mwizi kaja," akawaambia watu. "Mmwera kuku tu hajui kuiba, huyu kaanzia baiskeli."

"Mtani, nafukuzwa kazi."

"Nenda zako, nipo kwenye msiba."

Nikaondoka sijui kama kanisikia.

Jumamosi nimesimama ofisini, karatasi ya kujieleza bado tupu, nyapara akaingia na jogoo kwapani. Akamwambia karani amweleze bwana meneja, aliyekuwa mezani pake, kwamba nilichukua mbele ya watu wote, naye amekuja kukomboa. Akanipa jogoo, nikamwachia baiskeli.

Bwana akamtazama jogoo. "Huyu naye ni wa kampuni?"

"Wa mke wangu, bwana."

Bwana hakucheka. Mimi akaniachia kwa onyo. Nyapara naye akaandikiwa barua yake, kwa kupeleka baiskeli ya kampuni msibani.

Nje akanigeukia. "Umenitia matatani. Lete jogoo wangu."

"Kamdai mama yako."

Jogoo tulimchinja mke wangu alipojifungua. Nyapara alikuja kumwona mtoto, akala paja.